Nia Kamili

Karani alipoliita jina lake, mshtakiwa aliinua mkono kuonyesha kwamba ndiye, na watu wa viti vya mbele wakainamisha nyuso. Kiganja cha Tusekile Mwambungu kilikuwa kimechunika kikapona vibaya. Ngozi mpya ilikuwa nyororo na yenye kung'aa, imejikunja kuelekea kwenye kidole gumba, na vidole havikunyooka tena. Hakuna aliyehitaji kuuliza. Mji mzima ulijua kwamba kamba ndiyo iliyomla mikono, na kwamba kwenye ncha ya pili ya kamba ile alikuwa Ambakisye Mwasomola, na kwamba Ambakisye alikufa.

Jaji Kokuhirwa Mutalemwa naye aliuona mkono huo. Alikuwa ameketi kwenye kiti cha ujaji miaka mingi, na alijua jinsi ya kuufunga moyo wake asubuhi kama mtu anavyofunga mlango wa nyuma kabla ya kwenda kazini. Siku hiyo mlango haukufunga. Kabla hajasikia shahidi hata mmoja, moyo ulisema waziwazi: mwanamke huyu aende nyumbani kwake. Jaji alishtuka. Bila kujua, alipeleka vidole nyuma ya sikio akagusa mahali ushanga wake ulipokaa.

Kila mtu nchini alikuwa nao. Mtoto alitiwa ushanga chini ya ngozi siku chache baada ya kuzaliwa, mdogo kama punje ya mtama, na kazi yake ya kwanza ilikuwa ya hospitali. Ulisikiliza mwendo wa ubongo, ukaonya kiharusi kikiwa bado njiani na kifafa kabla hakijamwangusha mtu motoni. Mabibi waliouogopa mwanzoni walikuja kuuombea dua. Baadaye wataalamu wakagundua kwamba kumbukumbu zilezile ziliweza kusomwa kwa namna nyingine, wakatengeneza chombo cha kuzisoma, na watu wakakiita darubini ya nia. Hapo ndipo Bunge lilipoandika upya sheria ya mauaji.

Wakili wa Serikali, Gaudensia Ndimbo, aliisoma hati ya mashtaka bila kupandisha sauti. Shtaka lilikuwa moja, chini ya kifungu cha saba cha Sheria ya Makosa Dhidi ya Uhai: kwamba mtu yeyote ambaye uhai wa mwenzake umekuwa mikononi mwake, naye akawa na nia kamili ya kifo cha mwenzake huyo, na kifo hicho kikatokea, ametenda kosa la kuua kwa kukusudia. Adhabu yake ilikuwa kifungo cha maisha, na sheria haikumwachia jaji upenyo hata wa kupitisha uzi.

Tusekile alipoulizwa kama ni kweli au si kweli, alifikiri kidogo.

"Nilitaka afe," alisema. "Kama hilo ndilo kosa, ni kweli."

Wakili wake aliruka kutoka kitini. Jaji Kokuhirwa alimtuliza kwa mkono, akaandika kwamba mshtakiwa hakukiri kosa, kwa kuwa jibu lake lilikuwa na "kama" ndani yake. Ndivyo taratibu zilivyotaka. Hata hivyo, alipoweka kalamu chini alijiuliza ni nani aliyeiongoza, taratibu au yeye.

* * *

Mashahidi walisimulia mambo ambayo wengi ukumbini waliyajua tayari.

Lusajo, mtoto wa pekee wa Tusekile, aligongwa na lori la majani ya chai akitoka shule. Dereva alikuwa Ambakisye, na usingizi ulimpitia akiwa kwenye usukani. Hakukimbia. Alimbeba mtoto mwenyewe hadi zahanati, mtoto akafia humo, naye akakaa nje ya mlango mpaka polisi walipomkuta. Mahakama ilifungua ushanga wake, na darubini haikuona nia yoyote, hata ya uzembe wa makusudi. Kwa mtu wa namna hiyo sheria mpya ilikuwa na huruma. Alinyang'anywa leseni, akapewa kazi ya umma. Tusekile alikuwepo siku hiyo. Alisikia jaji mwingine akieleza kwamba sheria ya kisasa haimhukumu mtu kwa kile ambacho mkono wake umefanya moyo ukiwa haumo.

Kazi ya umma aliyopangiwa Ambakisye ilikuwa kwenye Kituo cha Mvuke cha Ilamba, huko milimani, ambako mvuke wa ardhini huzungusha mitambo ya umeme. Tusekile alikuwa fundi wa valvu kituoni hapo. Aliyempangia hakuuliza, na aliyepangiwa hakujua hadi alipomwona. Msimamizi wa zamu aliieleza mahakama kwamba wawili hao hawakuwahi kugombana. Mama Lusajo akiingia upande huu, yule mwanamume alitokea upande ule. Kwa muda mrefu ikawa hivyo.

Siku ya ajali bomba lilipasuka chini ya ardhi, na udongo ukadidimia pembeni mwa kidimbwi cha maji ya moto. Ambakisye akaenda nao. Alinasa kwenye kingo, tope linachemka chini yake, mvuke unampita usoni. Aliyekuwa karibu ni mtu mmoja tu. Tusekile alimtupia kamba ya vipimo, ile ya kushushia vifaa vya kupimia joto, akajifunga ncha kiunoni, akakanyaga nguzo ya valvu na kuvuta.

"Mliwakuta katika hali gani?" wakili wa utetezi alimwuliza msimamizi.

"Mwanaume alikuwa amefika ukingoni, nusu juu, nusu chini. Tukamtoa. Mama Lusajo alikuwa ameganda. Ilibidi tumfungue vidole kimoja kimoja, maana mwenyewe hakuweza kuviachia."

Ambakisye alikufa kabla ya jua kuzama. Mvuke ulikuwa umemchoma mapafu. Kwa kuwa Tusekile pekee ndiye aliyekuwa naye, ushanga wake ulifunguliwa kama sheria inavyotaka. Darubini iliona nia kamili tangu kamba iliporushwa mpaka watu walipofika. Haikupungua hata kidogo. Kwa kweli, shahidi wa kitaalamu alisema, ilizidi kadiri mwanaume alivyokaribia juu.

Shahidi huyo alikuwa Dokta Sauda Kipingu, mwanamke makini aliyekuwa amesoma shanga za watu wengi kuliko mtu yeyote nyanda za juu. Alieleza kwamba darubini haisikii maneno wala haioni picha. Hufuata njia ambazo shauku hupita ubongoni, na njia hizo hujulikana kama mito inavyojulikana kwenye ramani. Mtu akitamani chakula, mto huu hujaa. Akitamani mtu fulani asiwepo duniani, hujaa ule. Upande wa utetezi ulipomaliza maswali bila kuambulia kitu, jaji akainua kichwa.

"Dokta, mtu anaweza kutamani jambo moja na kuamua jingine?"

"Anaweza, Mheshimiwa. Binadamu hufanya hivyo kila siku."

"Darubini huona yote mawili?"

"Hapana. Uamuzi hauna mto wake. Unatawanyika kichwani kote, na sehemu kubwa unaishia kwenye misuli. Tunachokisoma ni kile mtu anachokitaka."

"Kwa hiyo sheria iliposema nia, ilikuwa na maana ya kutaka."

Dokta alisita, kwani hilo halikuwa swali la fani yake. "Sheria ilisema nia ni hali ya akili kama ilivyosomwa na darubini, Mheshimiwa. Maneno hayo yapo kwenye kifungu cha tafsiri. Mimi ninasoma tu."

Jaji alimshukuru. Lilikuwa swali halali, na wakili yeyote angeweza kuliuliza. Lakini alijua kwamba hakuliuliza kwa ajili ya Tusekile peke yake. Kifungu cha ishirini cha sheria hiyohiyo kilimhusu yeye: afisa wa mahakama atakayetoa uamuzi akiwa na nia ya kumpendelea mmoja wa wahusika atafungwa, na hatakalia kiti tena. Siku yoyote ushanga wake ukifunguliwa, mto utaonekana umejaa tangu asubuhi ya kwanza.

* * *

Hoja za mwisho za Gaudensia Ndimbo zilikuwa nzito, na jaji hakujidanganya kwamba si nzito.

Aliikumbusha mahakama kwa nini kifungu cha saba kiliandikwa vile. Palikuwa na mwuguzi katika nyumba ya wazee ambaye kila mzee alipobanwa na pumzi alikimbia wa kwanza, akabonyeza kifua, akapuliza, akaita msaada, akalia machozi. Wazee wakawa wanakufa mikononi mwake. Alishtakiwa mara mbili chini ya sheria ya zamani akaachiwa mara mbili, kwa sababu mikono yake ilikuwa imefanya kila kitu ambacho mikono inapaswa kufanya, ila kwa ulegevu ambao jicho haliwezi kuuona. Alipokuja kujisifu mwenyewe, watoto wa marehemu waliandamana hadi Bungeni. Bunge likaondoa neno "kitendo" kwenye kifungu. Halikulisahau. Lililiondoa.

"Mkono unaweza kufundishwa uongo, Mheshimiwa Jaji," alisema. "Hatusemi mshtakiwa hakuvuta. Tunasema hakuna anayejua kama alivuta kwa nguvu zake zote au kwa nguvu zake zote pungufu kidogo. Bunge lilijua kwamba jambo hilo halitajulikana kamwe, ndiyo maana likatuambia tuulize kinachojulikana."

Alipoketi, Subilaga, mjane wa marehemu, alikuwa akitazama sakafu. Alikuja kila siku akiwa peke yake, akakaa kwenye benchi moja, na hakuna upande uliomwita kutoa ushahidi.

Jaji aliahirisha shauri ili aandike hukumu.

Jumamosi yake karani wa mahakama, Bwana Chengula, alimletea majalada nyumbani, na katika kumimina chai akaanza kumsimulia habari iliyokuwa redioni. Kwenye machimbo ya kokoto mtu alikuwa amefunikwa na kifusi hadi shingoni. Aliyekuwa jirani yake ni mwenzake waliyekuwa wamekosana vibaya wiki hiyo. Mwenzake akasogea nyuma, akasimama mbali, akaita watu. Watu walikuwa mbali zaidi. Walipofika kifusi kilikuwa kimeshuka mara ya pili. Polisi walimwuliza yule mtu kwa nini hakunyoosha hata koleo, naye akajibu kwamba alikuwa na chuki na marehemu, akauogopa ushanga wake.

Jaji alimkatiza. Alimwambia Bwana Chengula, kwa upole, kwamba haruhusiwi kusikia mambo ambayo hayakuletwa mahakamani. Karani akaomba radhi, akainuka kwenda zake. Lakini neno likishasikika halirudishwi, na jaji alibaki na ile picha ya mtu anayepiga hatua kwenda nyuma.

Siku iliyofuata, mchana, alikaa barazani na sufuria mapajani akimenya ndizi mbichi, kama mama yake alivyokuwa akifanya kule Bukoba alipokuwa na jambo la kuamua. Ukungu ulikuwa umeshuka hadi kwenye migomba ya jirani. Alijua kwamba ana haki ya kuogopa. Alikuwa mjane mwenye binti chuoni na jina ambalo hakuna aliyewahi kulitia doa. Kumtia hatiani Tusekile kungekuwa salama, tena kungekuwa sahihi kwa kila neno la kifungu. Kumwachia kungekuwa hatari, na zaidi ya hatari, palikuwa na shaka iliyomkera kuliko woga: hakuweza kuapa kwamba sababu zake zilikuja kabla ya tamaa yake. Huenda aliitaka njia kwanza, kisha akatuma akili ikamtafutie mawe ya kuitengeneza.

Akaamua kujijaribu. Aliacha ndizi majini, akaenda mezani, akaandika hukumu ya kumtia Tusekile hatiani, kwa uaminifu wote, kama mtu anayemwandikia adui yake wasifu wa haki. Ilikaa vizuri. Uhai ulikuwa mikononi mwa mshtakiwa, nia ilisomwa, kifo kilitokea. Alipofika mahali pa kumweleza mshtakiwa alikosea wapi, kalamu ikasimama. Sheria ya jinai humwambia mtu asichopaswa kufanya, naye akikifanya hulipa. Tusekile alipaswa asifanye nini? Hakuamuru moyo wake umchukie mtu aliyemuua mwanawe, wala hakuweza kuuamuru uache. Kilichokuwa katika uwezo wake siku ile kilikuwa kimoja, kushika kamba au kutoishika. Kama asingeishika, uhai wa Ambakisye usingekuwa mikononi mwake. Angegeuka, akashuka mlima, na kifungu cha saba kisingemgusa hata ukosi. Mtu angekufa siku ileile, kwa chuki ileile, na hakuna kosa ambalo lingekuwa limetendwa.

Jaji Kokuhirwa alikaa muda mrefu mbele ya sentensi hiyo. Aliigeuza kila upande akitafuta tamaa yake ndani yake, na bila shaka tamaa ilikuwemo. Lakini aliona kwamba hata angekuwa anamchukia Tusekile, sentensi ingebaki ilivyo. Ndicho kipimo pekee alichokipata. Aliichana hukumu ya kwanza akaanza nyingine.

* * *

Siku ya hukumu ukumbi ulijaa hadi kwenye madirisha. Tusekile alisimama kizimbani amevaa kitambaa cheusi kichwani, amefumbata mikono mbele.

Jaji alisoma polepole. Alikubali ushahidi wa Dokta Kipingu wote. Alikubali kwamba nia, kwa maana ambayo Bunge liliipa, ilikuwa kamili. Alikubali pia kwamba Bunge liliondoa neno kitendo kwa sababu nzuri, na kwamba wazee waliokufa mikononi mwa yule mwuguzi walistahili sheria iliyo macho. Baadhi ya watu wakaanza kunong'onezana, na wakili wa utetezi akafumba macho.

Kisha akafika mahali pa sababu zake mwenyewe.

"Sheria inayomtia hatiani mtu huyu," alisoma, "ingemwacha huru kama angeondoka. Siwezi kuamini kwamba Bunge lilikusudia kumwambia kila mwenye kinyongo nchini: ukimwona adui yako anakufa, usimguse. Kwa hiyo ninakisoma kifungu cha saba kana kwamba kina neno ambalo hakina, yaani kwamba mtu lazima awe amefanya jambo, au ameacha kufanya jambo, ili nia yake itimie. Sijifichi. Neno hili nimeliongeza mimi. Walio juu yangu wanaweza kuliondoa. Upande wa mashtaka umethibitisha kwamba mshtakiwa alitaka. Haujathibitisha kwamba alitenda alichotaka; ushahidi wote unaonyesha alitenda kinyume chake. Ninamwachia huru."

Hakuna aliyeshangilia. Gaudensia Ndimbo alisimama. Uso wake haukuwa na hasira. Ulikuwa na uchovu wa mtu anayefanya kazi yake. Alieleza kusudio la Serikali la kukata rufaa. Kisha, akiomba radhi kwanza, akaomba kumbukumbu za ushanga wa Mheshimiwa Jaji kwa kipindi chote cha shauri zihifadhiwe, kwa mujibu wa kifungu cha ishirini.

Mvua ikasikika ikianza kwenye bati.

"Ombi limekubaliwa," jaji alisema. "Karani aandike pia kwamba jaji hapingi, na kwamba watakachokikuta humo anakifahamu."

Aliinuka, wote wakainuka.

Alivua joho chumbani mwake, akakusanya mafaili. Alitoka kwa mlango wa pembeni, ambako gari lilikuwa likimsubiri. Mvua ilikuwa nyepesi. Chini ya paa la ukumbi, kwenye ngazi, alimwona Tusekile amesimama peke yake, kama mtu aliyeshushwa kituo asichokijua. Subilaga alikuwa akimwendea. Dereva akafungua mlango wa gari, lakini jaji hakuingia. Alihofia kwamba jambo baya linakuja, na hakuona askari karibu.

Subilaga alisimama hatua moja chini ya mwenzake.

"Mama Lusajo," alisema, "sikuja kwa ugomvi. Nina neno moja tu, na hakuna aliyeniulizia kule ndani. Kule shimoni alisema chochote?"

Tusekile aliitazama mikono yake.

"Alisema nimwachie."

"Umwachie nini?"

"Kamba. Udongo ulikuwa unakatika chini ya miguu yangu, yeye aliuona, mimi sikuuona. Akasema, Mama Lusajo, niachie, utaingia na wewe."

Subilaga alishika ukuta, akakaa kwenye ngazi palepale penye maji. "Jambo kama hili hukuwaambia kule ndani? Lingekuokoa."

"Sikutaka aniokoe yeye," alisema Tusekile. "Mtu yeyote, lakini si yeye."

Mvua ilizidi. Mjane alijifuta uso kwa upindo wa khanga, akautazama mlima ambao haukuonekana kwa ukungu.

"Na wewe ulimjibu nini?"

"Nilimwambia anyamaze," Tusekile alisema, "ashike kwa mikono miwili."